Morgan le Fay: Mganga Aliyegeuzwa Mchawi

Leo twataka kuzungumza habari za mwanamke ambaye hana kaburi wala ukoo ujulikanao, na yamkini hakuishi duniani kamwe. Walakini habari zake zimeandikwa kwa muda wa karibu miaka 900, kwa Kilatini, Kifaransa, Kiingereza, Kiitalia na lugha nyingine. Jina lake ni Morgan le Fay, na hadithi nyingi humwita dada wa Mfalme Arthur wa Britania.

Mtu aweza kuuliza: ikiwa mwenyewe hakuishi, yafaa nini kumtia katika mazungumzo ya historia? Twajibu ya kuwa hadithi nayo ina historia yake. Kila aliyeisimulia aliishi katika mwaka wake na mji wake, akawa na mabwana wa kuwapendeza na mambo ya kuyaogopa. Tukizipanga hadithi hizo kwa safu, tangu ya kwanza hata za siku zetu, twaona jambo kubwa: mwanamke aliyeanza kwa kuwa mganga aligeuzwa kuwa mchawi, na hali ujuzi wake ulikuwa ni ule ule.

Na tuanze mwanzo. Mnamo mwaka 1150 mtu wa kanisa aitwaye Geoffrey wa Monmouth alitunga utenzi mrefu wa Kilatini juu ya maisha ya Merlin, mwaguzi mashuhuri. Humo alitaja Kisiwa cha Matofaa, ambacho ardhi yake huzaa nafaka na zabibu pasipo jembe, na watu wake huishi miaka 100 na zaidi. Kisiwa hicho chatawaliwa na ndugu wa kike tisa kwa sheria ya upole. Mkuu wao aitwa Morgen. Huyo awapita wenziwe kwa uzuri na kwa maarifa: ajua kila jani liwezalo kuponya wagonjwa, ajua kugeuza umbo lake na kuruka angani, tena amewafundisha ndugu zake hesabu. Angalieni sana neno hilo la mwisho. Mtunzi yule, ambaye baadaye alifanywa askofu, alitia dawa, kuruka na hesabu katika mfuko mmoja, wala hakuona aibu.

Arthur alipojeruhiwa katika vita vya Camlan, alichukuliwa kwa chombo mpaka kisiwa hicho. Morgen akamlaza juu ya kitanda cha dhahabu, akalifunua jeraha kwa mkono wake mwenyewe, akalitazama kwa muda mrefu. Kisha akasema kwamba mfalme aweza kupona, ikiwa atakaa kwake siku nyingi na kufuata dawa zake. Mganga yeyote wa siku hizi angemtambua mwenzake hapo: aliangalia kwanza, akanena baadaye, wala hakuahidi kupona kwa siku moja.

Miaka kama 20 ikapita. Huko Ufaransa mtunzi mkubwa Chrétien de Troyes alianza kuandika hadithi za mashujaa wa farasi kwa lugha ya nchi yake. Yeye ndiye aliyemwita Morgan dada wa Arthur. Katika hadithi ya Erec, iliyotungwa mnamo mwaka 1170, Arthur ana marhamu aliyopewa na dada yake. Jeraha lolote likipakwa marhamu hiyo mara moja kila siku, hupona kwa muda wa juma moja. Katika hadithi nyingine, shujaa Yvain ameshikwa na wazimu naye akimbia uchi mwituni. Bibi mmoja anayo marhamu ya Morgan, amwagiza kijakazi wake ampake mgonjwa panjani tu, kisha airudishe iliyobaki. Kijakazi kwa huruma yake ampaka mwili mzima hata kasha likawa tupu, kisha amwambia bibi yake kwamba kasha limemponyoka likaanguka majini. Yvain akapona. Hapo Morgan hayupo, ila dawa yake yafanya kazi, na jina lake latajwa kwa heshima.

Mambo yalianza kugeuka baina ya mwaka 1215 na 1235, zilipoandikwa hadithi ndefu za Kifaransa juu ya Lancelot, Merlin na kifo cha Arthur. Waandishi wake walieleza ya kuwa siku za kale mwanamke aliitwa “fay” kwa sababu alijua nguvu za maneno, za mawe na za majani, na kwa ujuzi huo alidumu katika ujana na utajiri. Maana yake ni kwamba jina lile lilikuwa jina la elimu. Lakini Morgan wa hadithi hizi ana kisasi. Malkia Guinevere, mke wa Arthur, alimtenga na mwanamume aliyempenda, naye tangu siku ile amchukia malkia. Aliweka uganga katika bonde moja, hata kila shujaa aliyekosa uaminifu kwa mpenzi wake akiingia humo hawezi kutoka.

Tena alimfunga Lancelot chumbani mwake. Lancelot, kwa upweke, akachora kutani habari zote za mapenzi yake na malkia, mke wa bwana wake. Morgan hakuzifuta. Miaka ikapita, Arthur akapotea njia akiwinda, akafikia katika ngome ya dada yake, akaingizwa katika chumba kile. Akaitazama michoro, akayasoma maneno yaliyoandikwa chini yake, akajua. Tujiulize: uchawi uko wapi hapo? Hakuna jani lililosagwa, wala neno lililonuizwa. Alichofanya Morgan ni kumwonyesha ndugu yake jambo la kweli ambalo baraza lake lilimficha. Basi kwa ajili hiyo msimulizi amwonyesha kuwa mwovu.

Karibu naye katika hadithi hizo yumo mwanamke mwingine mwenye ujuzi kama wake, Bibi wa Ziwa. Huyo alimchukua Lancelot angali mtoto mchanga, akamlea katika jumba lake lililofichwa kwa mfano wa ziwa, akamfundisha wajibu wa shujaa: kumlinda mnyonge na kutodhulumu. Alipopata miaka 18 akampeleka mwenyewe kwa mfalme. Wazee wetu wamesema, mchawi mpe mwana kulea. Na hapa mithali hiyo yasadikika. Wanawake hao wawili walijua mambo yale yale. Mmoja aliusaidia ufalme akasifiwa. Wa pili aliufadhaisha akalaumiwa.

Sasa tuvuke bahari kwenda Uingereza. Katika mwaka 1469 au 1470, Sir Thomas Malory, aliyekuwa kifungoni, alimaliza kuzikusanya hadithi hizo zote kwa Kiingereza, na William Caxton akazipiga chapa mwaka 1485. Malory asema kwamba Morgan alitiwa chuoni katika nyumba ya watawa wa kike, na huko huko akajifunza uchawi hata akawa bingwa. Neno hilo lachekesha, lakini lina dalili: katika siku zile mtoto wa kike aliyetaka elimu hakuwa na mahali pengi pa kuipata ila kwa watawa, na mwanamke mwenye elimu nyingi alishukiwa.

Morgan wa Malory ni adui kamili. Aliiba upanga wa mfalme akampa mpenzi wake Accolon ili amwue Arthur. Alitaka kumwua mumewe usingizini, mwanawe akamzuia mkono. Aliiba ala ya upanga, ambayo mwenye kuivaa hatoki damu hata akijeruhiwa, akaitupa majini. Kisha akampelekea mfalme joho lililopambwa kwa vito. Bibi wa Ziwa akamwonya Arthur asilivae kabla ya kulivaa yule aliyelileta. Mjumbe akavikwa, na papo hapo akateketea akawa makaa. Mwanamke ambaye marhamu yake iliponya majeraha sasa atuma nguo ya kuunguza watu.

Kwa nini ikawa hivyo? Sababu moja ni ya kazi ya utunzi: hadithi ndefu yataka adui, na dada aliye karibu na kiti cha ufalme ni adui mzuri. Lakini iko sababu nyingine iliyokuwa nje ya vitabu. Katika karne zile wakuu wa kanisa na mahakimu wa Ulaya walizidi kufundisha ya kuwa kila ujuzi wa siri ni mapatano na Shetani. Mwaka 1398 wakuu wa chuo cha Paris walitoa hukumu juu ya mambo 28 ya uganga na uchawi. Mwaka 1431, katika mji wa Rouen, mahakimu walimwuliza Joan wa Arc, msichana wa miaka kama 19, habari za mti mmoja karibu na kijiji chao, ambao watu waliuita mti wa hao “fay”. Joan alijibu kwamba amesikia wazee wakisema hivyo, lakini yeye mwenyewe hajui kama ni kweli. Swali hilo lilikuwa moja tu katika mengi, na mwisho wake Joan alichomwa moto. Mwaka 1456 hukumu ile ilitanguliwa, na mwaka 1920 kanisa likamtangaza kuwa mtakatifu.

Tena mnamo mwaka 1486, mwaka mmoja tu baada ya kitabu cha Malory kupigwa chapa, mtawa Heinrich Kramer alitoa kitabu kiitwacho Nyundo ya Wachawi. Alifundisha kwamba wanawake ndio wepesi zaidi wa kuingia katika uchawi, na miongoni mwao aliwashutumu sana wakunga, yaani wale wale waliosaidia uzazi. Tangu karne ya 15 hata ya 18 watu waliouawa Ulaya kwa hukumu ya uchawi walikuwa kati ya 40,000 na 60,000, na wengi wao walikuwa wanawake. Uingereza ilifuta sheria yake ya kuwaua wachawi mwaka 1736. Hatusemi kwamba watunzi wa hadithi ndio waliowasha moto huo. Twasema tu kwamba hadithi na mahakama zilivuta hewa moja.

Pamoja na hayo yote liko jambo ambalo Malory hakuweza kulifuta. Arthur alipojeruhiwa jeraha la mwisho, chombo kilikuja pwani kimepakia mabibi waliovaa nguo nyeusi, nao wakalia. Mfalme akalazwa, kichwa chake mapajani mwa malkia mmoja, naye akamwita ndugu yake mpenzi, akamwuliza kwa nini amekawia hivyo. Malory ataja jina la malkia aliyekuwamo chomboni: Morgan le Fay. Kurasa nyingi zimemwita mwuaji, lakini jeraha lilipokuja, hapakuwa na mwingine wa kumpeleka mfalme mahali pa kupona. Mganga wa kwanza alibaki chini ya vazi la mchawi, kama maandishi ya kale yanavyoonekana chini ya rangi mpya ya ukuta.

Watunzi wa baadaye waligawanyika. Bwana Tennyson, mwaka 1859, alimwacha Morgan, akamchukua yule mwanafunzi wa Merlin, akamwita Vivien, akamfanya mwenye hila tupu. Walakini katika kitabu cha Malory mwanamke huyo alimfunga Merlin chini ya jiwe kwa kuwa mzee yule alimfuata na kumtamani bila kukoma, naye alikuwa akimwogopa. Mark Twain wa Marekani, mwaka 1889, alimfanya Morgan kuwa malkia katili amwuaye mtumishi kwa kosa dogo. Kisha mwaka 1983 mwanamke wa Marekani, Marion Zimmer Bradley, alitoa kitabu kikubwa ambamo Morgan asimulia sehemu ya habari kwa kinywa chake mwenyewe. Tangu utenzi wa Geoffrey ilikuwa imepita miaka zaidi ya 800. Mwaka 2018 mwandishi Madeline Miller alimfanyia vivyo hivyo Circe, yule wa hadithi za Wayunani aliyegeuza mabaharia kuwa nguruwe.

Jina la Morgan limeingia hata katika elimu ya hewa. Katika mlango wa bahari wa Messina, baina ya Sisilia na Italia, mara nyingine watu huona minara na majumba yakielea juu ya maji. Ni mazigazi tu: hewa ya moto ikilala juu ya hewa ya baridi, nuru hupindika, na macho hudanganyika. Waitalia huyaita Fata Morgana, yaani Morgan yule yule.

Wasikilizaji, sisi tunaosema Kiswahili tuna maneno mawili ambayo yangaliwafaa sana watu wa Ulaya wa karne zile: mganga na mchawi. Wa kwanza huponya, wa pili hudhuru, na mtoto mdogo ajua tofauti yake. Hata hivyo, kuwa na maneno mawili hakujatuokoa. Katika Usukuma vikongwe wameuawa kwa sababu macho yao ni mekundu, na wekundu huo umetokana na moshi wa jikoni wa miaka mingi. Mwaka 2008 katika nchi ya Kisii watu 11 walichomwa moto kwa tuhuma ya uchawi. Waliowashtaki waliona mazigazi, lakini waliokufa walikuwa watu wa nyama na damu.

Basi mtu akikuletea habari kwamba bibi fulani ni mchawi, mwulize kama tulivyoziuliza hadithi hizi: Nani aliyesema kwanza? Alisema mwaka gani, na alikuwa na kisa gani naye? Kabla ya hapo bibi huyo alikuwa akiitwa nani, na ni watoto wangapi wa kijiji aliowapokea kwa mikono yake walipozaliwa?