Botvinnik: bingwa wa chesi aliyetaka kuifunza tarakilishi kufikiri

Leo naweka kando mambo ya seva na hifadhidata tuongee historia kidogo.

Nadhani kila anayejifunza kuandika programu hufika siku akajiuliza kama anaweza kuandika moja ya kucheza chesi, au sataranji kama wasemavyo wengine. Mimi nilijaribu nikiwa chuoni. Programu yangu ilizijua sheria zote, lakini ilimtoa malkia bure kama mtu anayegawa njugu. Nilidhani dawa ni kuiandikia maarifa zaidi: linda malkia, miliki katikati ya ubao, usimwache mfalme uchi. Kila sharti nililoongeza lilizaa makosa mawili mapya. Baadaye niligundua kwamba kosa langu lina historia ndefu, na kwamba aliyelihangaikia kuliko wote alikuwa bingwa wa dunia. Jina lake Mikhail Botvinnik.

Botvinnik alizaliwa mwaka 1911 huko Kuokkala, karibu na St. Petersburg. Alijifunza chesi akiwa na miaka 12, umri ambao leo tungesema amechelewa. Lakini mwaka 1925 bingwa wa dunia wa wakati huo, José Raúl Capablanca wa Kuba, alipita Leningrad akacheza na watu wengi kwa mpigo mmoja. Mmoja wa waliomshinda siku hiyo alikuwa kijana Botvinnik, miaka 14. Mwaka 1931 akawa bingwa wa Muungano wa Kisovieti, taji alilolitwaa mara sita. Mwaka 1936 kule Nottingham, Uingereza, alishika nafasi ya kwanza sawa na Capablanca, na mwaka 1938 katika mashindano ya AVRO nchini Uholanzi alimshinda tena Mkuba huyo kwa mchezo ambao hadi leo unafundishwa vitabuni.

Alexander Alekhine alifariki mwaka 1946 akiwa bado bingwa, kwa hivyo kiti kikabaki wazi. Shirikisho la chesi duniani, FIDE, liliwakutanisha wachezaji watano mwaka 1948, kwanza The Hague halafu Moscow. Botvinnik alipata pointi 14 kati ya 20, tatu zaidi ya Vasily Smyslov aliyemfuata. Mwaka 1950 FIDE ilipotoa rasmi cheo cha grandmasta kwa mara ya kwanza, watu 27 walikipata, naye akiwemo.

Sasa hapa ndipo sisi watu wa kompyuta tunaingia. Chesi haikuwa kazi yake pekee. Alikuwa mhandisi wa umeme. Mwaka 1941 vita vilipofika alihamishwa kutoka Leningrad hadi Perm, akafanya kazi katika usambazaji wa umeme. Baada ya kuwa bingwa wa dunia alikaa karibu miaka mitatu bila kucheza mashindano, akishughulikia udaktari wake wa uhandisi. Alirudi ubaoni mwaka 1951 kutetea taji dhidi ya David Bronstein. Wakatoka 12 kwa 12, na kwa kanuni za wakati huo sare ilimwachia bingwa taji lake. Mwaka 1954 akatoka sare ile ile na Smyslov.

Alicheza chesi kihandisi. Baada ya kila shindano aliichambua michezo yake mwenyewe na kuichapisha, ili wengine wamwonyeshe makosa. Kama moshi wa sigara ulimsumbua ukumbini, alifanya mazoezi na rafiki yake Viacheslav Ragozin akimpulizia moshi makusudi. Tungesema leo kwamba alikuwa anajifanyia majaribio kabla ya kutoa toleo. Na mbinu hiyo ilimfaa. Mwaka 1957 Smyslov alimnyang'anya taji, mwaka 1958 akalirudisha. Mwaka 1960 Mikhail Tal, kijana wa miaka 23 aliyeshambulia kama moto wa nyika, alimshinda. Wengi wakasema mzee amekwisha. Botvinnik akarudi nyumbani, akatafuta hitilafu zake, na mwaka 1961, akiwa na miaka 49, akamchapa Tal 13 kwa 8. Mwaka 1963 Tigran Petrosian alilichukua taji, na kwa kuwa haki ya mechi ya marudiano ilikuwa imefutwa, huo ukawa mwisho. Aliacha mashindano mwaka 1970.

Wengi huishia hapo wanapomsimulia. Kwangu mimi hapo ndipo hadithi inapoanza.

Mwaka 1950 Claude Shannon, Mmarekani, alichapisha makala kuhusu jinsi kompyuta inavyoweza kucheza chesi. Alitaja njia mbili. Ya kwanza ni kupitia kila hatua inayowezekana hadi kina fulani. Ya pili ni kuchagua hatua chache zenye maana na kuzifuata hizo tu. Ugumu wa njia ya kwanza ni hesabu. Tuseme kila hali ya ubao ina hatua 35 halali. Ukitazama mbele hatua mbili tu za kila mchezaji, tayari una hali zaidi ya milioni moja na nusu.

Botvinnik aliona njia ya kwanza ni ujinga. Grandmasta hapitii mamilioni ya hatua. Hutazama chache, na kwa kawaida ile bora imo. Basi akaanza kubuni programu iliyoitwa Pioneer. Ndani yake kila kipande kilipewa shabaha ya kushambulia na njia ya kuifikia. Vipande vinavyosaidia au kuzuia safari hiyo viliwekwa pamoja katika eneo moja la vita, na hatua isiyohusika na eneo lolote haikutazamwa kabisa. Mawazo hayo hayo yalitumika pia kupanga ukarabati wa mitambo ya umeme.

Pioneer iliweza kutatua baadhi ya mafumbo magumu ya mwisho wa mchezo. Lakini haikukamilika, wala haikuwahi kushiriki ubingwa wa dunia wa kompyuta. Ubingwa wa kwanza, Stockholm mwaka 1974, ulichukuliwa na Kaissa, programu ya nchini kwake mwenyewe, iliyofuata ile njia aliyoidharau.

Wakati huo huo alikuwa na shule ya vijana. Mmoja wao alikuwa Anatoly Karpov, ambaye mwanzoni mwalimu hakumwona kuwa na mustakabali katika chesi. Mwaka 1975 Karpov akawa bingwa wa dunia. Mwingine alikuwa Garry Kasparov, bingwa kuanzia 1985, na mwingine Vladimir Kramnik, aliyemshinda Kasparov mwaka 2000.

Botvinnik alifariki Mei 1995. Miaka miwili baadaye, Mei 1997, Deep Blue ya IBM ilimshinda Kasparov pointi 3.5 kwa 2.5. Mashine hiyo ilipitia takriban hali milioni 200 kwa sekunde. Mwanafunzi wa Botvinnik kaangushwa na njia ambayo Botvinnik alisema si ya kufikiri. Wengi walifunga mjadala hapo: nguvu imeshinda akili.

Lakini Desemba 2017 kampuni ya DeepMind ya London ilitangaza AlphaZero. Hiyo ilijifunza chesi kwa kucheza na nafsi yake, bila kuonyeshwa mchezo hata mmoja wa binadamu. Ilitazama kama hali 80,000 kwa sekunde, ilhali mpinzani wake Stockfish ilitazama karibu milioni 70. Katika michezo 100 ilishinda 28 na kutoka sare 72. Wapo waliolalamikia masharti ya mechi ile, lakini mwaka 2020 Stockfish nayo ikaongezewa mtandao wa neva wa kuipima hali ya ubao.

Kwa hivyo Botvinnik alikuwa sahihi au alikosea? Mimi naona yote mawili. Alikuwa sahihi kwamba anayejua kuchagua anahitaji kutazama kidogo. Alikosea kudhani kwamba bingwa anaweza kukaa chini na kuandika jinsi anavyochagua. Hata macho yake mwenyewe, yaliyoshinda dunia nzima, hayakumwona Karpov akiwa amekaa mbele yake darasani. Ujuzi wake mwingi aliupata kwa kucheza, kushindwa na kujirekebisha, si kwa kuandikiwa masharti. AlphaZero ilipita njia hiyo hiyo.

Siku nyingine mteja akikuambia "wewe andika tu sheria tunazotumia kazini, ni rahisi", mkumbuke mhandisi huyu. Aliujua mchezo wake kuliko karibu kila mtu aliyekuwa hai, na miaka zaidi ya ishirini haikumtosha kuueleza.

Haya, mimi narudi kwenye hifadhidata zangu. Tuonane wiki ijayo.