Pierre Tchernia: Mtu wa Televisheni Aliyeitumikia Filamu

Pierre Tchernia alikuwa mwandishi wa miswada ya filamu, mwongozaji, mtangazaji na mtayarishaji wa vipindi vya televisheni nchini Ufaransa. Alizaliwa jijini Paris tarehe 29 Januari, 1928, na kupata mafunzo ya taaluma ya filamu katika shule ya Vaugirard na chuo cha IDHEC.

Aliingia kazini televisheni ya nchi hiyo ikiwa bado changa. Mwezi Juni 1949 alikuwa miongoni mwa vijana walioanzisha, chini ya uongozi wa Pierre Sabbagh, taarifa ya habari ya kwanza ya televisheni nchini humo, katika shirika la umma la RTF.

Kadiri televisheni zilivyoenea majumbani, ndivyo kumbi za sinema zilivyopoteza watazamaji. Tiketi zilizouzwa nchini Ufaransa zilishuka kutoka zaidi ya milioni 400 mwaka 1957 hadi chini ya milioni 200 mwaka 1970, na wengi katika sekta ya filamu waliiona televisheni kuwa mshindani wa kuogopwa. Tchernia aliitumia kuitangaza filamu. Mwaka 1967 alianza kuendesha Monsieur Cinéma, kipindi cha chemsha bongo ambacho washiriki walishindana kujibu maswali kuhusu filamu na waigizaji. Jina la kipindi hicho likawa jina lake la utani.

Wakati huohuo aliendelea kuandika filamu. Mwaka 1961 alishirikiana na Robert Dhéry katika La Belle Américaine. Baadaye, pamoja na René Goscinny, aliandika Le Viager (1972), ambayo pia aliiongoza. Ndani yake, familia moja inanunua nyumba kwa mkataba wa kumlipa mwenye nyumba hadi siku ya kufa kwake, baada ya daktari kukadiria kwamba hatamaliza miaka miwili. Muuzaji huyo anaishi hadi kutimiza miaka 100, huku wanunuzi wakitangulia kaburini.

Kazi yake iliyofika mbali zaidi ni filamu ya katuni Les Douze travaux d'Astérix (1976), aliyoiandika na Goscinny na Albert Uderzo. Shujaa Astérix anatakiwa kupata kibali A38 katika ofisi ambayo watumishi wake humzungusha mwombaji kutoka dirisha moja hadi jingine. Anashinda kwa kuomba kibali A39, ambacho hakipo, na ofisi nzima inavurugika ikikitafuta. Hadi leo, nchini Ufaransa na Ujerumani, kibali A38 hutajwa watu wanapolalamikia urasimu.

Katika miaka ya 1990 alirejea kwa kizazi kipya cha watazamaji kupitia Les Enfants de la télé, kipindi kilichoonyesha kumbukumbu za televisheni. Alifariki dunia tarehe 8 Oktoba, 2016, akiwa na umri wa miaka 88.