J. H. Taylor, Fundi Aliyewapa Heshima Wacheza Gofu wa Kulipwa

Mashindano ya Open ya gofu, yaliyoanzishwa Prestwick mwaka 1860, yalikuwa yakichezwa katika ardhi ya Uskoti peke yake kwa zaidi ya miaka 30, na Waskoti walikwisha kuyahesabu kuwa milki yao ya urithi, ijapokuwa Waingereza wawili wa ridhaa, John Ball na Harold Hilton, walikuwa wamewanyang'anya taji mwaka 1890 na 1892. Ilipofika mwaka 1894, mashindano hayo yakavushwa mpaka kwa mara ya kwanza, yakaletwa Sandwich katika jimbo la Kent; na hapo kijana wa miaka 23, mwenye kifua kipana na kidevu cha mtu asiyejua kurudi nyuma, akawashinda mabingwa wote kwa mikwaju 326, akawa Mwingereza wa kwanza kulitwaa taji hilo miongoni mwa wale waliokula kwa jasho la mchezo wenyewe. Jina lake lilikuwa John Henry Taylor.

Alizaliwa tarehe 19 Machi 1871 katika kijiji cha Northam, jimbo la Devon, karibu na uwanja wa Westward Ho!, ambao ni katika viwanja vya kale kabisa vya gofu nchini Uingereza. Baba yake alifariki mwana angali mchanga, na ufukara ukamtoa skuli akiwa na umri wa miaka 11. Akaingia hidima katika nyumba ya akina Hutchinson, akipiga viatu rangi na kutumwa huku na huku, na uwanjani akiwabebea fimbo waungwana, akiwemo Horace Hutchinson wa nyumba hiyohiyo, aliyekuja kuwa bingwa wa wachezaji wa ridhaa mwaka 1886 na 1887. Alitamani sana uaskari, lakini jeshi likamkataa kwa udhaifu wa macho na ubapa wa nyayo, akarudi kwenye majani na mchanga aliokulia. Akawa mtunza uwanja, kisha mwalimu wa mchezo Burnham, kisha Winchester, hata mwaka 1899 akatia nanga katika klabu ya Royal Mid-Surrey, Richmond, asiiache hadi mwaka 1946.

Mchezo wake haukuwa wa madaha. Alisimama juu ya nyayo zile zile zilizokataliwa na jeshi, akazikita ardhini kama mtu anayetaka kuota mizizi, akaivuta kofia mpaka karibu na nyusi, kisha akaupiga mpira mkwaju mfupi wenye nguvu uliokwenda chini chini na kuupasua upepo, mpira ukaanguka karibu na shimo na kutulia. Silaha yake kubwa ilikuwa fimbo ya chuma ya masafa ya kati, na pale Sandwich unyoofu wa mipira yake uliwastaajabisha watu kwa miaka mingi baadaye.

Siku yake iliyo tukufu kupita zote, kwa rai yangu, ni ya Hoylake mwaka 1913, naye ana umri wa miaka 42. Katika michezo ya mchujo aliponea chupuchupu, kwa mpira mmoja ulioingia katika shimo la mwisho. Siku ya kuamua ikavuma tufani ya upepo na mvua, wachezaji hodari wakapoteza mikwaju ovyo ovyo, ilhali Taylor alijiinamia ndani ya dhoruba akapiga, akatembea, akapiga tena, mpaka akamaliza kwa 304, akimtangulia Ted Ray kwa mikwaju minane. Lilikuwa taji lake la tano, baada ya yale ya 1894, 1895, 1900 na 1909. Yeye na wenziwe wawili, Harry Vardon wa kisiwa cha Jersey na James Braid wa Uskoti, walitwaa mataji 16 katika mashindano 21 yaliyochezwa baina ya 1894 na 1914.

Hata hivyo vikombe havikubadili hali ya mcheza gofu wa kulipwa. Bingwa aliyeshangiliwa na umati wa watu uwanjani alikuwa, mlangoni mwa jumba la klabu, mtumishi mfano wa watumishi wengine, asiye ruhusa ya kukaa sebuleni na wanachama. Riziki yake ilitokana na kufundisha, kutengeneza fimbo na kuuza mipira katika kibanda chake. Na zilipotokea klabu zilizotaka kuyatwaa mauzo hayo, ilikuwa sawa na kumtoa mtu tonge kinywani. Mwaka 1901 Taylor, aliyejielimisha mwenyewe kwa kusoma vitabu na aliyekuwa msemaji fasaha, aliwakusanya wenziwe wakaasisi chama cha wachezaji wa kulipwa wa London na majimbo jirani, yeye akiwa mwenyekiti na Braid kapteni. Chama hicho kikakua kikawa PGA ya Uingereza, mlezi wa wanafunzi wa kazi hiyo na msaidizi wa wagonjwa na wazee wao.

Hakuwasahau wala wafanyakazi wa kawaida waliopenda mchezo huu pasipo uwezo wa kulipa ada za klabu: mwaka 1921 alishiriki kuanzisha umoja wao, na juhudi zake zilichangia kufunguliwa kwa uwanja wa umma ndani ya Richmond Park mwaka 1923. Mwaka 1933 aliiongoza timu ya Uingereza iliyoishinda Marekani katika Kombe la Ryder, pale Southport, kwa alama 6½ kwa 5½. Baada ya Vita vya Pili vya Dunia klabu kuu ya St Andrews ilimpa uanachama wa heshima, na mwaka 1957 ile ya Westward Ho! ikamfanya rais wake. Alifariki Northam mwezi Februari 1963, akiwa na umri wa miaka 91.

Wenye kupima wachezaji kwa mataji watamtanguliza Vardon, kwa kuwa yeye alitwaa sita, na katika uzuri wa mkwaju hakuna atakayewapinga. Mimi namtanguliza Taylor, kwa sababu mataji ya Vardon yalikuwa ya Vardon, na chama cha 1901 kilikuwa cha kila fundi wa kibandani aliyetaka kula kazi ya mikono yake bila ya kudhalilishwa.