Mwanamke Ambaye Hakuwapo Bastille

Mwaka 1972 Riyoko Ikeda, mchoraji wa Kijapani mwenye umri wa miaka 24, alitaka kuwasimulia wasichana wa nchi yake Mapinduzi ya Ufaransa kwa hadithi ya picha. Wahariri walisita. Historia, walidhani, ni mzigo mzito kwa wasichana. Hao wapewe mapenzi na machozi. Ikeda akawapa vyote. Hadithi hiyo, Versailles no Bara, yaani Waridi la Versailles, ilitoka katika jarida la Margaret hadi mwaka 1973.

Inaanza na watoto watatu waliozaliwa mwaka 1755. Malkia Marie Antoinette na Fersen, kabaila wa Uswidi, waliishi kweli. Wa tatu, Oscar, binti wa jenerali aliyelelewa kama mwanamume, ni wa kubuniwa.

Hapo ndipo mwalimu wa historia anapokunja uso. Tarehe 14 Julai 1789 Oscar anawaongoza askari wake upande wa raia, anapigwa risasi Bastille na kufa. Ni kweli kwamba askari wa Walinzi wa Ufaransa walijiunga na raia siku ile, tena wakiwa na mizinga. Mwanamke huyo hakuwapo. Je, mwanafunzi akiliandika jina lake katika mtihani? Mimi ningelikata kwa wino mwekundu, kisha ningemwuliza kwa nini askari waliacha kutii. Aliyesoma hadithi hii anamkumbuka yule askari aliyeuza bunduki yake ili nyumbani wapate kula. Vitabu vingi tulivyofundishia viliishia kwenye orodha ya sababu, na njaa ikiwa namba tatu au nne.

Filamu ya katuni, yenye sehemu 40, ilionyeshwa katika televisheni ya Japani mwaka 1979 na 1980. Kuanzia sehemu ya 19 mwongozaji alikuwa Osamu Dezaki, naye aliisogeza hadithi barabarani zaidi, hata akaongeza maskini mmoja mpiga kodiani. Kwangu mimi hilo halikuharibu kitu.

Ikeda angeweza kumalizia Bastille, bendera nyeupe ikipanda na umati ukishangilia. Hakufanya hivyo. Aliendelea hadi malkia alipokatwa kichwa, Oktoba 1793, na hadi mwaka 1810, Fersen alipouawa na umati mwingine mjini Stockholm.