Mwanahistoria aliyekimbilia kamera

Samahani kwa ukimya, wiki mbili hizi tumebanwa na majaribio, na humu chumbani tupo wanne kwenye meza moja. Jana mjomba kapiga simu, swali ni lile lile: "Sasa mwanangu, hiyo historia ukimaliza utafanya kazi gani?" Nikajikanyaga, nikasema ualimu. Kumbe jibu nilikuwa nalo mkononi, maana wiki nzima nimekuwa nikisoma habari za Lennart Meri wa Estonia.

Huyu bwana alizaliwa Tallinn mwaka 1929, baba yake mwanadiplomasia, hivyo utoto wake ulikuwa wa kuhamahama shule na lugha. Mwaka 1940 Wasovieti wakaikalia Estonia. Juni 1941 familia ikapelekwa Siberia, baba akatengwa nao. Lennart akiwa na miaka 12 tu akakata magogo na kumenya viazi ili nyumbani wale. Walirudi baada ya vita, na mwaka 1953 akahitimu historia Chuo Kikuu cha Tartu kwa daraja la juu.

Sasa hapa ndipo nilipoweka kitabu chini. Serikali haikumruhusu kufanya kazi ya uanahistoria! Una shahada, una kichwa, lakini mlango umefungwa. Akaenda kwenye jumba la maigizo la Vanemuine, kisha redioni, akawa mwandishi wa vitabu vya safari, halafu akashika kamera.

Lugha ya Kiestonia ni ndugu ya Kifini na, kwa mbali, Kihungaria. Ndugu wengine wametawanyika ndani ya Urusi hadi Siberia: Wamari, Wakomi, Wakhanti, Wanenet. Meri akawafuata huko huko. Mwaka 1970 ikatoka "Veelinnurahvas", yaani Watu wa Ndege wa Majini. Mwaka 1977 "Linnutee tuuled", Pepo za Njia Nyeupe, aliyoshirikiana na Wafini na Wahungaria. Hiyo ilipigwa marufuku Umoja wa Kisovieti, lakini New York ikapata medali ya fedha.

Kwa nini waogope filamu ya watu wanaoimba na kuvua samaki? Mimi naona hivi: ukiwaonyesha watu kwamba wana undugu wa maelfu ya miaka, umeshawaambia kwamba Moscow siyo mwanzo wa habari zao. Ile historia aliyokatazwa kuifanyia kazi, aliipitishia dirishani.

Siasa zikaja haraka. Mwaka 1990 akawa waziri wa mambo ya nje wa nchi ambayo ilikuwa bado haijarudishiwa uhuru wake (ilikuja kuupata Agosti 1991). Mwaka 1992 kwenye kura za wananchi alishika nafasi ya pili nyuma ya Arnold Rüütel, ila hakuna aliyefika nusu, bunge likaamua na Meri akawa rais. Julai 1994 akaenda Moscow kukaa mezani na Boris Yeltsin, na tarehe 31 Agosti mwaka huo huo wanajeshi wa Urusi wakawa wameondoka. Mtoto wa Siberia huyo! Alikaa madarakani hadi 2001, akafariki 2006.

Kichekesho chake ninachokipenda ni cha 1997. Katua Tallinn akitokea Japani, kakuta vyoo vya uwanja wa ndege ni aibu, basi akawaingiza waandishi wa habari humo humo chooni na kuongea nao. Leo uwanja ule unaitwa kwa jina lake.

Lakini kuna kitu kinanisumbua, na mwenzangu wa kitanda cha juu kanibana nacho hadi saa saba usiku. Waestonia walipata nchi. Wale ndugu wa kwenye filamu je? Mwaka 1977, rasi ya Taimyr, kaskazini kabisa, Meri alimpiga picha mganga wa Kinganasan aitwaye Demnime akifanya kazi yake. Demnime alifariki 1980. Filamu yenyewe, "Šamaan", ilikamilika 1997, Meri akiwa Ikulu, mwaka ule ule wa vyoo. Wanganasan leo hawafiki watu 1,000.

Kesho nampigia mjomba.