Mwanzi usioogopa theluji wala mpaka wa jirani

Katika miji mingi ya Uingereza na ya kaskazini mashariki mwa Marekani, ambako miti huanza kupukutisha majani mwezi Oktoba, nyuma ya baadhi ya nyumba huonekana ukuta wa mianzi uliobaki kijani katikati ya theluji. Kwa mtu aliyekulia Iringa au Kabale, mmea huo hukumbusha nyumbani. Hata hivyo, si mwanzi ule unaogemwa ulanzi, ambao hauwezi kuhimili baridi ya namna hiyo.

Mingi kati ya mianzi hiyo ya bustani ni ya jamii ya Phyllostachys, ambayo asili yake ni China. Mwanzi mweusi, Phyllostachys nigra, ulifikishwa Uingereza mwaka 1827 na hadi leo unapendwa kwa rangi yake: miti yake huchipua ikiwa ya kijani, kisha hugeuka myeusi baada ya mwaka mmoja au miwili. Unaosifika zaidi kwa ustahimilivu ni Phyllostachys aureosulcata, wenye mfereji wa manjano kwenye pingili zake za kijani. Baadhi ya miti yake hupinda karibu na ardhi kama goti lililokunjwa. Mwanzi huu huweza kuishi katika baridi ya nyuzi 20 na zaidi chini ya sifuri kwa kipimo cha sentigredi. Baridi ikizidi hapo, majani na miti huweza kufa, lakini sehemu iliyo chini ya ardhi huchipua tena majira ya kuchipua yanapofika.

Sehemu hiyo ya chini ndiyo siri ya uhai wake, na ndiyo chanzo cha ugomvi. Si mizizi hasa, bali ni shina linalotambaa ardhini, lenye vifundo kama tangawizi, na kila kifundo kinaweza kutoa chipukizi. Mwenendo wake hautofautiani sana na ule wa ukoka shambani, ila huyu ni ukoka wa kimo cha mita sita au zaidi. Chipukizi hutoka ardhini likiwa na unene wake wote, hurefuka kwa muda wa miezi miwili hivi, kisha halirefuki tena.

Wengi hudanganywa na miaka ya mwanzo. Mwaka wa kwanza na wa pili mwanzi huonekana kama umedumaa, na mwenye bustani huongeza mbolea kwa kudhani kwamba udongo haufai. Kumbe wakati huo shina la chini linajitanua. Kufikia mwaka wa tatu au wa nne, machipukizi huanza kujitokeza mita kadhaa kutoka pale mche ulipopandwa: katikati ya nyasi, pembeni mwa njia, au ng'ambo ya uzio.

Hapo ndipo sheria huingia. Mwaka 2013, jimbo la Connecticut nchini Marekani lilipitisha sheria inayomfanya aliyepanda mianzi inayotambaa awajibike kwa hasara itakayompata jirani, pamoja na gharama za kuing'oa. Ni marufuku pia kuipanda chini ya futi 40, yaani kama mita 12, kutoka mpaka wa jirani bila kizuizi, na muuzaji hutakiwa kumpa mnunuzi maelezo ya tabia ya mmea huo. Jimbo la New York, kwa kanuni zilizotolewa mwaka 2014, liliuingiza Phyllostachys aureosulcata katika orodha ya mimea vamizi isiyoruhusiwa kuuzwa.

Kizuizi huwekwa siku ya kupanda, wala si baada ya jirani kulalamika. Kinachotumika ni plastiki nene na ngumu, inayofukiwa wima kiasi cha sentimita 60 hadi 75, huku sentimita tano hivi zikiachwa juu ya udongo ili shina linalojaribu kuruka lionekane na kukatwa. Plastiki huinamishwa kidogo kuelekea nje kwa juu, ili shina likigonga lipande juu badala ya kuzama. Wengine huchimba mtaro kuzunguka mianzi na kukata kila shina linalojitokeza humo. Ni njia nafuu, lakini haimfai mtu mvivu. Kupanda kwenye chungu kikubwa kunawezekana pia, ingawa udongo wa chungu huganda upesi na ustahimilivu wa mmea hupungua.

Kwa mpangaji, au mwenye kiwanja chembamba, chaguo la busara ni mianzi ya jamii ya Fargesia. Hii nayo hutoka milima ya China na huhimili theluji, lakini hukua kwa kichaka na haitambai mbali. Si mirefu sana, na kwa uzio wa kuzuia macho ya wapita njia hilo si kasoro.

Aliyekwisha kuchelewa hana budi kukata miti yote, kuchimba mashina ya chini kadiri awezavyo, na kukata kila chipukizi jipya kabla halijafungua majani, hadi akiba ya chakula iliyomo ardhini iishe. Kazi hiyo huweza kuchukua miaka kadhaa, na kipande kimoja chenye kifundo kikisahauliwa huianzisha upya.