Bolivia: Vita vya Uhuru (1809–1825)

Vita vya uhuru vya Bolivia ni mapambano ya miaka kumi na sita yaliyoitoa nchi hiyo ya Amerika ya Kusini mikononi mwa Hispania. Yalianza katika mji wa Chuquisaca tarehe 25 Mei 1809, na hati ya uhuru ikatangazwa katika mji huohuo tarehe 6 Agosti 1825. Wakati huo nchi iliitwa Charcas, au Peru ya Juu. Ilikuwa miongoni mwa za kwanza kuasi na za mwisho kuwa huru, na wengi wa waliotia saini hati hiyo hawakuwa wale waliomwaga damu.

Fedha na shokoa

Mwaka 1545 madini ya fedha yaligunduliwa katika mlima wa Potosí, mahali palipo karibu kilomita nne juu ya usawa wa bahari. Katika miaka ya 1570 Francisco de Toledo, makamu wa mfalme aliyetawala kutoka Lima, aliweka mfumo wa shokoa ulioitwa mita. Kila mwaka mwanamume mmoja kati ya saba, kutoka wilaya kumi na sita za nyanda za juu, alipaswa kwenda machimboni. Juu ya shokoa palikuwa na kodi ya kichwa, waliyotozwa Waaymara, Waquechua na wenyeji wengine kwa sababu tu ni wenyeji. Msomaji aikumbuke kodi hiyo, maana itarudi.

Nchi iliendeshwa na mahakama kuu ya Charcas, iliyoundwa mwaka 1559 na kukaa Chuquisaca, mji unaoitwa Sucre leo. Hadi 1776 mahakama hiyo ilikuwa chini ya Lima; mwaka huo Hispania ikaihamishia chini ya Buenos Aires. Uhamisho huo wa makaratasi ulikuja kuwagharimu watu baadaye, kwa sababu vita vilipozuka kila upande ulidai kuwa Charcas ni yake.

Mwaka 1781 Julián Apaza, mfanyabiashara mdogo wa Kiaymara aliyejiita Túpac Katari, aliuzingira mji wa La Paz. Mkewe, Bartolina Sisa, aliongoza wapiganaji pamoja naye. Mji ulikaa kwenye njaa kwa zaidi ya siku mia moja na themanini, katika vipindi viwili, kabla ya majeshi ya mfalme kuukomboa. Katari aliuawa mwezi Novemba mwaka huohuo kwa kuraruliwa na farasi wanne. Sisa naye aliuawa mwaka uliofuata. Vitabu vingi huanza habari za uhuru mwaka 1809 na kuuacha mzingiro huo nje kana kwamba ni kisa kingine. Makriolo wa La Paz, yaani Wahispania waliozaliwa Amerika, hawakuuacha nje. Kwa miaka arobaini iliyofuata, hofu ya kuzingirwa tena na wenyeji ilipima kila hatua waliyopiga.

Mawakili wa Chuquisaca

Napoleon alipomteka mfalme Ferdinand wa Saba mwaka 1808, swali lilikuwa nani anatawala kwa niaba ya nani. Chuquisaca ilikuwa na Chuo Kikuu cha San Francisco Xavier, kilichoanzishwa na Wajesuiti mwaka 1624, na mawakili waliofunzwa hapo walijibu kwa hoja fupi: mfalme akiondoka, mamlaka hurudi kwa watu. Tarehe 25 Mei 1809 walimwondoa mkuu wa mahakama, huku wakipiga kelele za kumwombea mfalme maisha marefu. Ujanja wa mawakili haukuanza jana.

La Paz ilikwenda mbali zaidi. Tarehe 16 Julai watu wa huko waliunda baraza lao la utawala chini ya Pedro Domingo Murillo. Jeshi kutoka Peru, likiongozwa na José Manuel de Goyeneche, lilizima vuguvugu hilo, na Murillo alinyongwa tarehe 29 Januari 1810.

Majeshi ya Buenos Aires

Baada ya Buenos Aires kuasi mwaka 1810, majeshi yake yalipanda milima mara tatu kuja kuikomboa Charcas, na mara tatu yakashindwa: Huaqui mwaka 1811, Vilcapugio na Ayohuma mwaka 1813, na Sipe Sipe mwaka 1815. Mwanasiasa wao Juan José Castelli alisimama kwenye magofu ya Tiwanaku mwezi Mei 1811 na kuwatangazia wenyeji usawa. Lakini askari wake walichukiza watu kwa kudharau makanisa, na fedha ya Potosí ilibebwa. Kamanda wao Manuel Belgrano, alipokuwa akirudi nyuma mwaka 1813, alijaribu hata kulilipua jengo la kufulia sarafu la Potosí. Utambi ulizimwa kabla baruti haijalipuka.

Cochabamba ilipoachwa bila jeshi, wanawake wake walikabiliana na askari wa Goyeneche kwenye kilima cha La Coronilla tarehe 27 Mei 1812, na wengi waliuawa. Siku hiyo ndiyo Siku ya Mama nchini Bolivia.

Vita vya mabondeni

Vita vilivyodumu ni vile vilivyopiganwa na wenyeji na machotara katika maeneo yaliyoitwa republiquetas, yaani vijijamhuri: mabonde ambayo mfalme hakuweza kuyashika. Manuel Ascencio Padilla na mkewe, Juana Azurduy, walishikilia eneo la La Laguna, wakiwa na wapiganaji wengi wenye marungu na kombeo kuliko bunduki. Padilla aliuawa mwaka 1816. Azurduy aliendelea kupigana, akapewa cheo cha luteni kanali, na akafa maskini mjini Sucre mwaka 1862.

Tunachojua kuhusu kijijamhuri cha Ayopaya, kati ya La Paz na Cochabamba, tunakijua zaidi kwa kalamu ya José Santos Vargas, mpiga ngoma wa kikosi, aliyeweka shajara kuanzia 1814 hadi 1825. Shajara hiyo haipambi. Vijiji vinachomwa na pande zote mbili, watu wanahama upande kisha wanarejea, na kamanda Eusebio Lira anauawa na maofisa wake mwenyewe mwaka 1817. Ayopaya haikutekwa moja kwa moja hadi mwisho. Kwa hesabu ya mwanahistoria wa Argentina Bartolomé Mitre, kati ya viongozi 102 wa vijijamhuri, tisa tu walinusurika.

Uhuru wa wajumbe

Mwaka 1824 jenerali wa mfalme Pedro Antonio de Olañeta aligombana na wakubwa wake wa Peru, aliowaona walegevu kwa kiti cha enzi, na jeshi la Hispania likagawanyika. Tarehe 9 Desemba Antonio José de Sucre, jemadari wa Simón Bolívar, kiongozi wa wapigania uhuru waliotoka kaskazini, alilivunja jeshi kuu la kifalme huko Ayacucho. Olañeta alikataa kusalimu amri, akafa mwanzoni mwa Aprili 1825 baada ya askari wake kumgeuka huko Tumusla. Mpwa wake, wakili Casimiro Olañeta, alikuwa amekwisha kuvuka upande na kusimama karibu na Sucre.

Sucre aliitisha bunge la wajumbe 48, jambo ambalo mwanzoni lilimkera Bolívar. Wengi walikuwa wanafunzi wa zamani wa Chuquisaca; waliopigana mabondeni walihesabika kwa vidole. Walichagua nchi isiyo ya Lima wala ya Buenos Aires, na wakaipa jina la Bolívar ili mwenyewe asiikatae.

Bolívar aliifuta kodi ya kichwa mwezi Desemba 1825. Haikupita miezi mingi ikarudishwa, kwa kuwa hazina ilikuwa tupu na machimbo ya Potosí yamejaa maji, na kwa miongo kadhaa ikawa nguzo kuu ya mapato ya jamhuri. Haki ya kupiga kura iliwataka watu wajue kusoma na kuandika; sharti hilo lilidumu hadi mapinduzi ya 1952.

Sucre na La Paz bado zinabishana ni ipi iliyotoa kilio cha kwanza cha uhuru: Sucre inasherehekea tarehe 25 Mei, La Paz tarehe 16 Julai, kila mji kwa gwaride lake.